Tunda Lililokwisha Kuumwa: Uhakiki wa Jiwe la Wakati

Jumamosi moja tulikuwa katika darasa la kipaimara hapa Mkumbi, tukifundisha ile sehemu ya kwanza ya Imani inayomkiri Mungu kuwa Muumba mwenye uwezo wote. Kijana mmoja aliyeketi benchi la nyuma akanyosha mkono. "Mchungaji, kama Mungu anaweza yote, mbona hana lile jiwe?" Wenzake wakacheka. Tukamwuliza ni jiwe gani. "Lile la kijani," akasema, "la kurudisha wakati nyuma."

Tulimjibu upesi kwamba hayo ni mambo ya banda la video, na kwamba darasani tunasoma Katekismo. Tukaendelea na somo. Jumamosi mbili zilizofuata kijana hakuonekana.

Mwinjilisti ndiye aliyetufumbua macho. Miezi michache nyuma, kaka yake kijana huyo alifariki kwa ajali ya pikipiki kwenye mteremko, barabara ikiwa na utelezi wa mvua. Asubuhi ile kaka alikuwa amelala. Mdogo wake ndiye aliyemwamsha na kumwomba aende dukani badala yake, kwa sababu yeye hakutaka kulowa. Basi swali lile halikuwa la sinema hata kidogo.

Tuliona haya. Tumepita chuo cha theolojia, tumeandika insha ndefu juu ya maongozi ya Mungu, lakini swali lenyewe lilipotujia limevaa nguo za sinema hatukulitambua. Tukatafuta sinema hizo, tukazitazama mwanzo hadi mwisho. Haya tunayoyaandika ni uhakiki wa tuliyoyaona. Tunawaandikia wachungaji wenzetu, wainjilisti, walimu wa Shule ya Jumapili na wazazi, ambao huenda nao siku moja wataulizwa habari za jiwe.

Hadithi kwa ufupi

Jiwe la wakati linaonekana kwanza katika sinema ya Doctor Strange ya mwaka 2016. Strange ni daktari wa upasuaji, bingwa mwenye majivuno, ambaye mikono yake inaharibika katika ajali ya gari. Anasafiri mbali kutafuta uponyaji, na huko anajifunza uchawi. Usiku mmoja, akiwa peke yake katika maktaba, analijaribu jiwe la kijani lililofichwa ndani ya kidani. Ana tufaha aliloliuma. Akigeuza mkono upande mmoja, tufaha linarudi kuwa zima. Akigeuza upande mwingine, linaliwa lote na kuoza. Walimu wake wanamkuta na kumkemea kwa hofu, wakimwambia kwamba anayechezea wakati anaweza kuivunja dunia.

Katika Avengers: Infinity War ya mwaka 2018 tunaonyeshwa kwamba jiwe hilo ni mojawapo ya sita: la nafasi, la akili, la uhalisia, la nguvu, la wakati na la nafsi. Thanos, jitu lenye nguvu, anayakusanya yote kwenye glavu moja. Anasema viumbe wamezidi na riziki haitoshi, hivyo nusu yao wafe ili nusu wapone. Akipata mawe yote atapiga vidole mara moja tu, na nusu ya wenye uhai watageuka majivu. Strange anatumia jiwe kutazama mambo yajayo. Anaona njia 14,000,605, na katika hizo zote ushindi uko katika moja tu. Mwishowe Thanos anapiga vidole.

Avengers: Endgame ya mwaka 2019 inaeleza yaliyofuata. Thanos ameyateketeza mawe, na miaka mitano inapita katika maombolezo. Kisha waliosalia wanapata njia ya kusafiri hadi nyakati zilizopita, wakayaazime mawe huko na kuwarudisha waliopotea. Wanafaulu, lakini kwa gharama kubwa. Natasha anautoa uhai wake ili jiwe la nafsi lipatikane, na Tony Stark anakufa kwa kuyatumia mawe dhidi ya Thanos na jeshi lake.

Mambo mema katika hadithi hii

Tulidhani tutaandika makala ya kulaani. Tulipomaliza kutazama tukagundua kwamba watunzi wamefikiri zaidi yetu katika baadhi ya mambo.

Kwanza, hadithi inajua kwamba mawe haya ni ya hatari. Katika Infinity War kuna kiumbe aitwaye Vision, ambaye ana jiwe moja kwenye paji la uso. Mwanamke anayempenda analazimika kuliharibu jiwe hilo, na Vision mwenyewe akifa nalo, ili Thanos asilipate. Analia, analivunja. Thanos anakuja polepole, analitumia jiwe la wakati, anamrudisha Vision akiwa hai, kisha anamwua mara ya pili na kulitwaa alilolitaka. Hapo tulisimamisha sinema tukakaa kimya. Tulikuwa tumedhani kwamba anayerudisha wakati nyuma lazima awe anarudisha furaha. Kumbe uwezo huo ukiwa mkononi mwa mbabe, hata sadaka ya mnyonge inaweza kufutwa kana kwamba haikutolewa.

Pili, hadithi inatofautisha sadaka na sadaka. Jiwe la nafsi halipatikani ila kwa kupoteza umpendaye. Thanos anamtupa binti aliyemlea, Gamora, na machozi yanamtoka. Natasha katika mahali palepale anajitupa mwenyewe ili mwenzake abaki. Mara zote mbili jiwe linapatikana, lakini mtoto yeyote aliyekaa kwenye banda anajua kwamba walifanya mambo mawili yasiyofanana. Machozi ya Thanos hayamfanyi kuwa mtu wa upendo. Kumtoa mwingine ili mpango wako utimie si sadaka, hata ukilia. Hilo kanisa lilipaswa kulisema kwa sauti kubwa zaidi ya sinema.

Tatu, na hili ndilo lililotugusa kuliko yote, Stark anakataa kuifuta ile miaka mitano. Katika miaka hiyo ya msiba amezaa binti. Anawaambia wenzake kwamba waliopotea warudishwe, lakini yaliyotokea baadaye yasiguswe. Kwa hiyo waliorudi wanarudi katika dunia iliyokwisha kuomboleza na kuzeeka. Msiba haukufutwa. Ulipitiwa hadi ng'ambo.

Kasoro zake

Hata hivyo tuna hoja mbili dhidi ya hadithi hii.

Hoja ya kwanza ni kwamba inavunja sheria yake yenyewe. Katika Endgame tunaambiwa wazi kwamba ukienda zamani huwezi kuyabadilisha yako yaliyopita. Tena tunaambiwa kwamba jiwe likiondolewa mahali pake, watu wa wakati ule wataachwa gizani, kwa hiyo lazima lirudishwe. Steve Rogers anatumwa kuyarudisha mawe. Badala ya kurejea mara moja kama alivyotazamiwa, anabaki huko zamani kuishi na mwanamke aliyempoteza, na anarudi kwetu akiwa mzee mwenye furaha. Watazamaji wanafuta machozi. Sisi tulijiuliza: na Natasha je? Aliyekufa ili wote wapone hakurudishiwa hata saa moja. Ikiwa zamani ni nyumba ambayo mtu anaweza kurudi na kukaa, kwa nini mlango umefunguliwa kwa mmoja? Hapo mtunzi aliwahurumia watazamaji wake na kuisahau kweli aliyoanza kuisema.

Hoja ya pili ni nzito zaidi. Ile hesabu ya njia 14,000,605 inamfundisha kijana kwamba maisha ni mashine ya sababu na matokeo, na kwamba palikuwa na njia moja tu sahihi, nawe ungeijua. Ungefunga mlango, ungenyamaza, usingemwamsha kaka, yote yangekuwa mema. Mwenye majonzi hahitaji kufundishwa hesabu hiyo. Usiku kucha anaifanya mwenyewe. Kila njia anayoigundua inakuwa hukumu mpya juu yake.

Bwana wetu aliikataa hesabu hiyo. Katika Luka 13 wanamletea habari za watu waliouawa, naye anawakumbusha wale kumi na wanane walioangukiwa na mnara wa Siloamu. Anauliza kama hao walikuwa wakosaji kuliko wenzao, na jibu lake ni hapana. Katika Yohana 9 wanafunzi wanataka kujua ni nani aliyetenda dhambi hata mtu akazaliwa kipofu. Yesu hawapi jina la mtu. Anamgeukia yule kipofu.

Mawe ya kwetu

Tusiwacheke Wamarekani kwa mawe yao. Sisi nasi tunayo. Wapo wapita njia wanaouza pete na vijiwe vya bahati, na wapo wanaotafuta sarafu za rupia za enzi ya Mjerumani kwa kuamini zina nguvu ya kuleta utajiri. Siku hizi hata baadhi ya madhabahu zinauza maji, chumvi na mafuta kwa ahadi ileile: lipa leo, na yaliyokupata jana yatafutika.

Mkoa wetu wa Ruvuma unajua vilevile mvuto wa jiwe la kweli. Miaka ya 1990 watu walimiminika Tunduru kutafuta vito. Hatuwalaumu wanaochimba, maana ni kazi ya jasho. Lakini kila mkulima wa Mbinga anajua kwamba mche wa kahawa unahitaji kama miaka mitatu kabla ya kutoa mavuno ya kwanza, na kila kijana amesikia habari ya fulani aliyeokota jiwe na kujenga nyumba. Jiwe linapendeza kwa sababu linaruka miaka. Vijana wetu walilijua jiwe la wakati kabla ya kuliona kwenye sinema.

La hatari kuliko yote halishikiki mkononi. Msibani, kabla kaburi halijafukiwa vizuri, unasikia mnong'ono: kuna mkono wa mtu. Pikipiki iliteleza, mvua ilinyesha, mteremko ni mkali, lakini tunataka sababu nyingine, yenye jina na uso. Mara nyingi uso huo ni wa mwanamke mzee asiye na mtetezi. Hapo tunakuwa tumepinda sababu na matokeo vibaya kuliko jiwe lolote la Thanos, na anayelipa ni mtu wa kweli. Tulipozungumza na familia ya kijana wetu, tuligundua kwamba mnong'ono huo ulikwisha kuanza. Kwa upande mmoja mtoto alikuwa akijihukumu mwenyewe kimyakimya. Kwa upande mwingine ndugu walikuwa wakimtafuta wa kumhukumu. Laiti tungalilisikiliza swali lile darasani, tungalifika mapema.

Je, Mungu hajawahi kurudisha wakati?

Msomaji wa Biblia atatushika hapa. Je, kivuli hakikurudi nyuma madaraja kumi kwa ajili ya Hezekia? Kilirudi, imeandikwa katika 2 Wafalme 20. Lakini tusome mpaka mwisho. Kivuli kilirudi kuwa ishara. Hakuna jambo lolote lililofutwa. Hezekia alipewa miaka kumi na mitano mbele yake, si nyuma. Na katika miaka hiyo aliwaonyesha wajumbe wa Babeli hazina zake zote, akaleta unabii wa msiba juu ya nyumba yake. Tena Manase, aliyekuwa mfalme mwovu, alianza kutawala akiwa na umri wa miaka kumi na miwili, maana yake alizaliwa ndani ya miaka hiyo ya nyongeza. Hata muda uliotoka kwa Mungu mwenyewe haukumwondolea Hezekia haja ya toba.

Na Lazaro je? Katika Yohana 11 Martha, na baadaye Mariamu, wanamwambia Yesu kwamba kama angekuwapo ndugu yao asingekufa. Ni lugha ileile ya kijana wetu: kama ingekuwa hivi, isingekuwa vile. Yesu hawarudishi kwenye siku ile kabla ya ugonjwa. Anakwenda nao kaburini siku ya nne, naye analia. Lazaro anatoka, lakini siku nne za kilio zinabaki kuwa siku nne za kilio, na Bwana amezilia pia.

Turudi kwenye tufaha la Strange. Mwanzo 3 haisemi tunda lile lilikuwa la aina gani, ila tunajua liliumwa. Kama kuna saa ambayo Mungu angeweza kugeuza mkono na kulirudisha tunda zima, ni saa ile. Hakufanya hivyo. Aliwaita kwa sauti wakiwa wamejificha, akawaahidi mzao atakayemponda nyoka, akawavika mavazi ya ngozi. Tunda likabaki limeumwa, na Mungu akabaki na waliouma. Biblia yote baada ya hapo ni safari ya Mungu huyo pamoja na watu ambao jana yao haifutiki.

Safari hiyo inafika Yohana 20, katika chumba kilichofungwa. Aliyefufuka angeweza kurudi na mikono isiyo na alama. Alikuja na makovu, akamwonyesha Tomaso. Hata katika Ufunuo 5, Mwanakondoo anasimama mbele ya kiti cha enzi akiwa na dalili za kuchinjwa. Ijumaa Kuu haikufutwa na Pasaka. Sisi Walutheri tulipaswa kuwa wa kwanza kulitambua hili. Mwaka 1518 huko Heidelberg, Luther alitofautisha theolojia ya utukufu na theolojia ya msalaba: ya kwanza inamtafuta Mungu penye nguvu na ushindi unaoonekana, ya pili inamkuta alikojificha, katika mateso ya Kristo. Jiwe la wakati ni ndoto ya theolojia ya utukufu. Linatuahidi Mungu asiye na makovu.

Basi mwenye kutaka jana irudi tumwambie nini? Tutenganishe mambo mawili. Lisilo kosa linahitaji faraja. Kumwamsha kaka siku ya mvua si kuua, na mtoto asiachiwe kubeba hatia ambayo Mungu hakumpa. Lililo kosa kweli linahitaji ungamo na ondoleo la dhambi, ambalo tumepewa mamlaka ya kulitangaza bila bei. Ondoleo halisemi kwamba jambo halikutokea. Linasema kwamba lilitokea, na Kristo amelibeba. Kwa yote mawili hakuna jiwe linalohitajika.

Nyasi chini ya udongo

Tulimfuata kijana shambani kwa mama yake. Mvua zilikuwa zinaelekea ukingoni, na kama kila familia ya Kimatengo walikuwa wakichimba ngolo. Wasomaji wa mbali wasioijua, ni hivi: nyasi hufyekwa na kulazwa kwenye mteremko kwa mistari inayokatana, zikafanya miraba. Udongo wa katikati ya kila mraba huchimbwa na kutupwa juu ya nyasi, pakabaki shimo. Maji ya mvua yanatuama shimoni badala ya kuteremka na udongo, na nyasi zinaoza chini kwa chini kuwa mbolea. Maharage hupandwa kwanza, mahindi msimu unaofuata.

Wazee husimulia kwamba kilimo hiki kilishika mizizi pale mababu walipokimbilia milimani kwa kuogopa uvamizi wa Wangoni katika karne ya 19, wakabanana kwenye miteremko mikali. Hawakuweza kuifuta vita. Walichimba. Leo watu wanatoka mbali kuja kujifunza ngolo, na hakuna anayeweza kuitenga na hofu iliyowaleta watu milimani. Katika Mwanzo 50 Yusufu anawaambia ndugu zake jambo la namna hiyo: uovu wao haukugeuka kuwa wema, lakini Mungu aliutumia kuokoa watu wengi.

"Shikamoo, Mchungaji," kijana akasema bila kuinua macho.

"Marahaba, mwanangu. Tumekuja kukuomba msamaha. Uliuliza swali la maana, tukakujibu vibaya."

Akaendelea kuchimba. Kisha akauliza, "Kwa hiyo asubuhi ile hairudi?"

"Hairudi. Mungu hakutuahidi hilo." Tukamweleza habari ya Siloamu, na ya makovu ya Bwana, na kwamba kumwamsha kaka yake hakukuwa dhambi. Tulisema kidogo kuliko tulivyoandika hapa. Mama yake alikuwa amesimama karibu anasikiliza. Tulipomaliza alitunyoshea jembe. "Mchungaji, kama umekuja, mstari ule haujaguswa."

Tulichimba hadi jua likawa kali. Hatujui kama maneno yetu yalimtosha. Tunajua kwamba Jumamosi iliyofuata alikuwa kwenye benchi la nyuma, na mnong'ono katika ukoo ulipozuka tena mama huyo aliusimamisha mwenyewe mbele ya wote.

Wapendwa, vijana wetu wataendelea kwenda kwenye mabanda, na sinema hizi si adui yetu mkubwa. Mtoto atakapokuuliza habari za jiwe la wakati, usimkemee, wala usianze na majibu. Mwulize kwanza: mwanangu, ni asubuhi gani unayotaka irudi?